Moyo wa Binti Kwenye Mchakamchaka

Chukua kijana wa kiume na binti waliomaliza kidato cha sita pamoja, umri mmoja, wamepangiwa kambi moja ya JKT, Maramba, na asubuhi wanakimbia bega kwa bega katika mchakamchaka ule ule. Wasimamishe ghafla, uwashike mshipa wa mkono, uhesabu. Mara nyingi utakuta moyo wa binti unapiga mara 10, 20 au zaidi kwa dakika kuliko wa mwenzake. Kiongozi wa mbio asiyejua sababu huona jambo moja tu: huyu mlegevu. Naamini hukumu hiyo ni potofu kwa sehemu kubwa, na upotofu wake una gharama. Mapigo ya moyo ya mwanamke anayekimbia hutoa habari za damu yake, za joto la mahali alipo na za siku za mwezi wake, kabla hayajasema lolote kuhusu bidii yake.

Maramba panafaa kuulizia swali hili. Ni sehemu ya wilaya ya Mkinga, iliyokatwa kutoka Muheza, mahali ambapo Usambara Mashariki inateremkia nyika ya upande wa mto Umba. Jeshi la Kujenga Taifa lilianzishwa tarehe 10 Julai 1963. Mafunzo ya mujibu wa sheria yalisitishwa mwaka 1994 yakarudishwa 2013, na tangu hapo kila mwaka, baada ya mitihani ya Mei, mabinti wa mikoa mbalimbali huona majina yao kwenye orodha ya kambi, Maramba ikiwemo. Wengi wao hawajakimbia kwa utaratibu tangu mchakamchaka wa shule ya msingi. Ni vigumu kupata mahali pengine nchini ambapo wanawake wengi kiasi hicho, wa umri mmoja, wanaanza kukimbia siku moja kwa mwendo uliopangwa na mtu mwingine.

Tuanze na maumbile, maana hapo hesabu ni nyepesi. Moyo wa mwanamke kwa kawaida ni mdogo kuliko wa mwanamume, hata mwili wao ukikaribiana kimo, na kwa hiyo kila pigo linatoa damu kidogo zaidi. Tuseme mwendo fulani unaidai misuli lita 12 za damu kwa dakika. Moyo unaotoa mililita 100 kwa pigo utapiga mara 120. Unaotoa mililita 80 utapiga mara 150. Anayeteka maji kwa ndoo ndogo huenda kisimani mara nyingi zaidi, na hakuna anayemwita mvivu kwa sababu hiyo. Hata akiwa amekaa, mwanamke huwa na mapigo mengi kidogo zaidi kwa dakika kuliko mwanamume. Juu ya hapo damu yake ina himoglobini pungufu kwa karibu sehemu moja ya kumi, hata akiwa mzima kabisa. Mambo hayo mawili yanatosha kueleza kwa nini watu wawili wenye afya, kwenye mwendo mmoja, wanasomeka tofauti.

Hapa inaingia kanuni ambayo kila mwalimu wa mazoezi anaijua kwa moyo: 220 toa umri wako, hicho ndicho kilele cha mapigo yako. Ilienea kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1970, na haikutokana na utafiti uliofanywa kwa kusudi hilo, sembuse utafiti juu ya wanawake. Mwaka 2001 Hirofumi Tanaka na wenzake walipendekeza nyingine: 208 toa asilimia 70 ya umri. Mwaka 2010 Martha Gulati na wenzake, baada ya kuwapima wanawake 5,437 wa eneo la Chicago, walitoa kanuni ya wanawake: 206 toa asilimia 88 ya umri. Mpe binti wa miaka 20 kanuni zote tatu: ya kwanza inasema 200, ya pili 194, ya tatu 188 na kidogo. Kati ya ya kwanza na ya mwisho kuna mapigo 12. Na hata iliyo bora kati yao ni wastani tu, kwani watu wawili wa umri mmoja, wazima wote, wanaweza kupishana kwa mapigo 20 kwenye kilele. Mwanamke anayeambiwa akimbie kwenye asilimia 80 ya kilele chake kwa kufuata kanuni ya zamani anaweza kujikuta anasukumwa mbali kuliko alivyokusudia aliyemwambia. Ningependa kanuni ya 220 ifutwe kwenye kuta za vyumba vya mazoezi na kwenye daftari za makocha, angalau inapowahusu wanawake.

Lakini maumbile si jambo la kuhangaikia sana, kwa kuwa hayabadiliki. La kuhangaikia ni damu.

Utafiti wa kitaifa wa afya ya uzazi na malaria wa mwaka 2022 ulikuta kwamba asilimia 42 ya wanawake wa Tanzania wenye umri wa miaka 15 hadi 49 wana upungufu wa damu. Miaka ya 2015 na 2016 ilikuwa asilimia 45. Maana yake ni kwamba ukipanga mstari wa wanawake kumi bila kuchagua, wanne hivi wanaanza mbio wakiwa na mzigo usioonekana. Kila gramu ya himoglobini inaweza kubeba takriban mililita 1.34 za oksijeni. Mwanamke mwenye gramu 13 katika kila desilita ya damu anabeba mililita 17 na kidogo. Mwenye gramu 10 anabeba 13 na kidogo. Misuli ya miguu haina habari na upungufu huo, inadai oksijeni ile ile, na moyo hauna njia ya haraka zaidi ya kulipa deni hilo kuliko kuongeza mapigo. Akikimbia mwendo ambao mwenzake anauita wa kawaida, yeye moyo unamdunda hadi masikioni, miguu inakuwa mizito, pumzi inakatika, na hana jibu la kumpa anayemfokea. Wengi hawajui kama wana tatizo, kwa sababu wamekua nalo. Wanadhani ndivyo kukimbia kulivyo.

Na ukanda huu wa Tanga una kila sababu ya kumpunguzia mtu damu. Malaria ni ya kwanza. Milima hii ina historia ndefu ya kuichunguza: Amani, juu tu ya tambarare hizi, kuna kituo cha utafiti ambacho leo ni cha Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, na Muheza imetajwa katika maandiko ya malaria ya dunia kwa miongo mingi. Vimelea hupasua chembe nyekundu, na anayeugua mara kwa mara hapati nafasi ya kuzirudisha zote. Ya pili ni minyoo ya safura, inayoingia kupitia nyayo kwenye udongo wenye unyevu, ikajishikiza utumboni na kunyonya damu kidogo kidogo bila maumivu yoyote ya kumfanya mtu aende zahanati. Ya tatu ni hedhi yenyewe. Hedhi ya kawaida hupoteza mililita 30 hadi 40 za damu, ambayo ni karibu miligramu 15 hadi 20 za madini ya chuma, na anayetoka damu zaidi ya mililita 80 kila mwezi ni vigumu kuzirudisha kwa chakula peke yake. Halafu kuna selimundu, ambayo nchi yetu ina watoto wengi wanaozaliwa nayo kila mwaka. Aliyerithi kwa mzazi mmoja tu haumwi, lakini mazoezi makali ya ghafla kwenye joto yanaweza kumvunjia misuli, na hilo limeshaonekana kwa makuruta wa majeshi ya nchi nyingine. Afadhali ajijue kabla.

Kwenye chakula kuna jambo moja ninalolisema kila ninapopata nafasi. Chai ya rangi tunayokunywa pamoja na chakula huzuia mwili kufyonza madini ya chuma yaliyomo kwenye maharage na mboga za majani. Sahani ya maharage na mchicha iliyosindikizwa na chai inatoa chuma kidogo kuliko sahani hiyo hiyo iliyosindikizwa na chungwa, kwa kuwa vitamini C hufanya kinyume chake. Na hapa tunazungumza habari za Muheza, ambako msimu wa machungwa malori yanaondoka yamejaa! Chai inaweza kusubiri saa moja. Kuhusu unga, kanuni za mwaka 2011 ziliwataka wasindikaji kuongeza chuma na virutubisho vingine kwenye unga wa ngano na wa mahindi, lakini mahindi yanayosagwa kwenye mashine ya kijijini hayapitii huko. Binti wa mjini anayekula mkate na binti wa kijijini anayekula dona la mashine ya jirani hawakutani kambini na akiba moja ya chuma.

Kipimo cha upungufu wa damu ni tone la damu kidoleni na dakika chache. Mwanamke asiye mjamzito akiwa chini ya gramu 12, Shirika la Afya Duniani linahesabu ana upungufu. Akipewa vidonge vya kuongeza damu, vile ambavyo kina mama wa kliniki wanaviita fefo, akavimeza kwa uaminifu na akatibiwa malaria au minyoo kama ipo, ndani ya mwezi mmoja himoglobini hupanda kwa gramu moja au mbili. Mafunzo ya mujibu wa sheria huchukua kama miezi mitatu. Anayepimwa wiki ya kwanza anaweza kumaliza mafunzo akiwa mkimbiaji mwingine kabisa. Anayepimwa siku anayozirai amepoteza muda wote huo.

Baada ya damu, joto. Mwili unaokimbia unazalisha joto jingi, na njia yake kuu ya kulitoa ni jasho linalokauka juu ya ngozi. Hewa ya Tanga ina unyevu mwingi, hivyo jasho linatiririka badala ya kukauka, nguo inalowa, na ubaridi hauji. Moyo unalazimika kugawa damu kati ya misuli na ngozi. Maji yakipungua mwilini, damu inayorudi moyoni inapungua pia, pigo linakuwa dogo na idadi inapanda, ingawa mwendo ni ule ule. Ndiyo maana dakika ya 40 ya mbio mapigo huwa juu kuliko ya dakika ya 10 hata kama hakuna aliyeongeza kasi. Mwili ukipanda nyuzi moja ya joto, tarajia karibu mapigo 10 zaidi. Alfajiri jua halijatoka, watu wanadhani wamelikwepa, lakini saa hizo ndipo unyevu wa hewa unapofika juu kabisa.

Mabinti wa mujibu wa sheria wanabahatika kwa jambo moja: kusi inavuma, na miezi ya Juni hadi Agosti ndiyo ya ubaridi wa pwani. Vijana wa kujitolea wanaobaki hadi kaskazi wanaujua mkoa huu kwa sura nyingine. Hata hivyo ubaridi wa Tanga ni joto kwa aliyetoka Makete. Huyo wa nyanda za juu anakuja na faida ya damu nzito aliyoijenga kwenye hewa nyepesi, lakini ngozi yake haijajifunza kutoa jasho mapema. Wa pwani joto analijua, ila uwezekano wa malaria kumpunguzia damu ni mkubwa zaidi. Wote wawili wanaweza kuwa na mapigo 175 kwenye kilima kimoja kwa sababu zisizofanana hata kidogo. Mwili huzoea joto kwa muda wa siku 7 hadi 14: maji ya damu yanaongezeka, jasho linaanza mapema, mapigo yanashuka. Kumharakisha mtu katika wiki mbili hizo hakuna faida yoyote ninayoiona.

Mavazi yana sehemu yake. Mwanamke wa Tanga anayetaka kukimbia na kujisitiri anaweza, na wapo wanaofanya hivyo kila Jumamosi kwenye vikundi vya jogging, lakini kitambaa ndicho cha kuangalia. Suruali na ushungi wa kitambaa chepesi kinachopitisha hewa si sawa na tabaka tatu za nailoni. Na sidiria inayobana sana chini ya kifua huzuia mbavu kupanuka. Kuhusu funga, miaka hii Ramadhani inaangukia wakati wa kaskazi, na anayekimbia alasiri bila maji tangu daku ataona mapigo yake yakipaa. Akimbie muda mfupi kabla ya kufuturu, taratibu, ili maji yawe karibu. Na asisahau kwamba siku anazozilipa baada ya mwezi mtukufu ni funga kamili vilevile, hata kama nyumba nzima inakula.

Mzunguko wa mwezi huguswa kwa aibu kwenye mazungumzo ya michezo, na aibu hiyo imewaacha wasichana wengi wakijitafsiri vibaya. Baada ya yai kutoka, homoni ya projesteroni hupandisha joto la mwili kwa nusu nyuzi hivi, na mapigo ya kupumzika huongezeka mawili hadi manne. Ni kidogo. Lakini kidogo hicho kikiongezwa kwenye siku ya joto na usiku wa usingizi mfupi, mbio za jana zilizokuwa rahisi leo zinachosha. Hedhi ikianza, joto linashuka tena. Msichana anayeandika siku zake kando ya mapigo yake ataanza kuona mpangilio baada ya miezi miwili au mitatu, na hatajilaumu bure.

Ujauzito ni habari kubwa zaidi. Damu ya mama huongezeka kwa asilimia 40 hadi 50, na mapigo yake ya kupumzika hupanda kwa 10 hadi 20. Mwaka 1985 chama cha madaktari wa uzazi cha Marekani kiliwaambia wajawazito wasivuke mapigo 140 wakifanya mazoezi. Mwaka 1994 kikaiondoa kanuni hiyo, kwa kuwa haikuwa na msingi, na leo ushauri ni kwamba mjamzito mwenye afya afanye mazoezi ya wastani ambayo bado anaweza kuongea. Bado nawasikia watu wakirudia ile 140 kama sheria. Faith Kipyegon wa Kenya alijifungua mwaka 2018, na mwaka 2021 akatetea dhahabu yake ya Olimpiki ya mita 1,500 mjini Tokyo. Si kila mama atakimbia hivyo, wala hatakiwi, ila dhana kwamba moyo wa mwanamke hudhoofika moja kwa moja akizaa haiwezi kusimama mbele ya mfano huo.

Mazoezi nayo hubadili hesabu yote. Wiki za kukimbia taratibu huupanua moyo, kila pigo linatoa damu nyingi zaidi, na mwendo uliokuwa wa mapigo 175 mwezi Juni unaweza kuwa wa 160 au chini yake mwezi Agosti. Wakimbiaji wetu wanawake wamelithibitisha hilo mbele ya dunia. Zakia Mrisho alikuwa wa 6 katika mita 5,000 kwenye mashindano ya dunia ya Helsinki mwaka 2005. Magdalena Shauri alikuwa wa 3 kwenye marathoni ya Berlin mwaka 2023 kwa saa 2, dakika 18 na sekunde 41. Kuna tahadhari moja, nayo inasahaulika: msichana anayekimbia sana na kula kidogo pia hushuka mapigo ya kupumzika, kwa sababu mwili unabana matumizi. Mapigo ya chini yanayoambatana na hedhi iliyokatika, uchovu na kupungua uzito ni njaa, hata kama saa ya mkononi inayaita afya.

Na kuna moyo unaokwenda mbio kwa sababu unaumwa. Afrika Mashariki bado ina ugonjwa wa moyo unaotokana na maumivu ya koo ya utotoni yasiyotibiwa, ambao huharibu valvu na huonekana zaidi kwa wasichana na wanawake vijana. Valvu ikisinyaa, moyo unahitaji muda wa kujaa kati ya pigo na pigo, na mbio au mimba zinaunyima muda huo. Wengi hugundulika wakiwa wajawazito, wakati wangeweza kugundulika miaka kadhaa nyuma, walipokuwa wakibaki nyuma kwenye mchakamchaka na kuitwa wavivu. Binti anayekohoa akilala chali, anayevimba miguu, anayezirai katikati ya mbio au ambaye mapigo yake hayashuki baada ya kupumzika dakika kadhaa, huyo ni wa daktari, na nchi ina Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete ya kumpokea kwa rufaa.

Kwa mbio za kila siku, kipimo bora tayari kiko kwenye utamaduni wetu. Mchakamchaka unaimbwa, na mtu anayeweza kuimba hajapita kiwango cha mazoezi mepesi. Anayeweza kuongea lakini wimbo unamshinda yuko kiwango cha kati. Anayetoa maneno mawili na kuhema yuko juu. Kiitikio kifupi kinampa kila mkimbiaji nafasi ya kuvuta pumzi kati ya mstari na mstari, na kiongozi mzuri angeweza kusoma kombania nzima bila saa hata moja. Tatizo ni kwamba sauti ya mia inafunika ukimya wa mmoja. Inabidi kuangalia midomo. Wale walioacha kuitikia mapema, siku baada ya siku, ndio wa kupelekwa kupima wekundu wa damu.

Saa za mkononi zinasaidia, ingawa mara nyingine zinachanganya hatua za miguu na mapigo ya moyo, hasa zikilegea au jasho likiingia. Vidole viwili kwenye kifundo cha mkono havikosei hivyo. Hesabu sekunde 15 mara tu unaposimama, zidisha kwa nne, maana ukichelewa nusu dakika tu yameshashuka. Muhimu zaidi ni hesabu ya alfajiri, kabla ya kunyanyuka kitandani, iandikwe kwenye daftari pamoja na tarehe ya hedhi. Binti ambaye amezoea 68 akaamka na 80, aulizwe alilalaje, apimwe joto, apimwe malaria na damu, na siku hiyo atembee.